Kichwa Kimoja, Ngozi Moja

Siku ya kuniaga, vijana wa ofisini mliniomba niwaandikie kidogo jinsi kazi yetu ilivyokuwa. Nadhani mlitaka vichekesho. Nimekaa na daftari wiki tatu sasa, na vichekesho vilivyotoka ni vichache. Sitaandika nilipandishwa cheo lini wala nilisaini karatasi gani. Mambo hayo yamo kwenye faili, na panya wameshaanza kuyasoma kabla yenu. Nitaandika habari za ngozi za kondoo, kwa sababu ndizo nilizozihesabu miaka mingi kuliko kitu kingine chochote, na kwa sababu kuna mtu mmoja aliyeharibikiwa maisha kwa kuniamini.

Nilipofika Kolwezi nilikuwa msichana mwembamba niliyetoka shule ya mifugo, na koti jeupe nililolipiga pasi mara mbili. Nilifikiri nitakaa mezani. Wakanipeleka machinjioni moja kwa moja, kwa Tata Kasongo, tata kama tunavyomwita mwanamume mzima. Huyu alikuwa mkaguzi wa nyama na ngozi, mtu mfupi wa kutoka Lubudi, mwenye kisu kilichofungwa kiunoni kwa kamba. Alinitazama koti, akatazama damu iliyokuwa sakafuni, akacheka peke yake. Kisha akaniambia nifumbe macho, akanipa ngozi mbili mbichi, moja kila mkono.

"Mukoko ni gani?" akauliza. Huku kwetu kondoo ndiye mukoko.

Nikainua mkono wa kulia. Ilikuwa ya mbuzi.

"Gusa tena. Usifikiri, gusa tu."

Msidhani ni jambo rahisi. Kondoo wetu hawana manyoya marefu kama wale wa kwenye kalenda. Wana nywele fupi kama mbuzi, na ngozi ikishatoka mwilini macho hayakusaidii kitu. Lakini vidole vinajua. Ngozi ya mbuzi imekaza. Ngozi ya kondoo ni laini, inateleza, ina mafuta ndani, na ukiisugua utahisi kama vitambaa viwili vilivyolazwa pamoja. Ukiivuta kwa pupa, vile vitambaa vinaachana, na ngozi haina kazi tena. Ilinichukua mwezi mzima kuacha kukosea, na Tata Kasongo hakunisifu hata nilipoacha.

Akanifundisha na kuchuna. "Kisu kinafungula tu," alikuwa akisema. "Ngumi njo inatumika," yaani ngumi ndiyo inayofanya kazi. Unapasua mstari mmoja tumboni na kwenye miguu, halafu unaweka kisu chini, unaingiza ngumi kati ya ngozi na nyama, unasukuma taratibu. Mchinjaji mwenye haraka anachuna kwa kisu, na kila kisu kinapogusa kinaacha mkato mdogo usioonekana. Utauona baadaye, ngozi ikishalainishwa, na wakati huo umeshakuwa tundu. Baada ya hapo ni chumvi upande wa nyama, ngozi juu ya ngozi, kisha kuziwamba kivulini. Ukiziwamba juani zinaiva kama mandazi, nje zimekauka na ndani zimeoza. Tata Kasongo alikuwa ananusa kila ngozi kabla ya kuikubali, na nikashika tabia hiyo hiyo. Marehemu mume wangu alilalamika kwamba nanusa mpaka mashuka.

Siku hizo kondoo walikuja kwa treni kutoka Lubudi na mbali zaidi, na wengine walichungwa hapa hapa, kwenye majani yaliyofika karibu na mashimo ya mgodi wa Mashamba. Mwisho wa kila mwezi lilikuja lori la mnunuzi kutoka Lubumbashi. Tulizihesabu ngozi kwa mikono, moja moja, mimi nikiandika na Tata Kasongo akitaja: nzima, yenye mkato, mbovu. Nilichoandika ndicho kilichopanda lorini. Naomba mkumbuke kwamba nimewahi kufanya kazi namna hiyo.

Kisha lori likaanza kuchelewa. Likawa linakuja mwezi mmoja, mwezi mwingine haliji. Halafu halikuja tena, na hakuna aliyetuandikia barua kutueleza. Sisi tuliendelea kutia chumvi kwa sababu hatukujua kufanya kitu kingine. Ngozi zikajaa ghalani mpaka karibu na bati, wakaingia wadudu, zile ngozi zikawa zinapiga kelele ndogo zikitafunwa. Asubuhi moja Tata Kasongo alizitoa zote nyuma ya machinjio akazichoma. Nilimsaidia kuzibeba. Nililia, na sijui mpaka leo kama nililia kwa moshi au kwa uchungu.

Baada ya hapo wachinjaji walituuliza swali la haki kabisa: kwa nini wachune? Ngozi haina mnunuzi, na nyama yenye ngozi inajaza sufuria. Wakaanza kubabua. Mnyama anawekwa juu ya moto mzima mzima mpaka nywele ziishe, anakwanguliwa kwa kisu, anaoshwa, anakatwa na ngozi yake. Wengine walitumia matairi ya zamani, na huo moshi mweusi nilipigana nao miaka yote bila kushinda. Lakini kusema kweli, nyama ya kubabua kwa kuni ni tamu. Nimeila sana. Nimekula ngozi nyingi kuliko nilizokagua miaka hiyo, na nilikuwa mkaguzi.

Huku nyuma Kolwezi ikabadilika. Mashimo yakafunguliwa upya, yakaja mageti na walinzi, majani yakazungushiwa waya. Wakaja vijana kutoka kila pembe ya nchi kuchimba shaba na kobalti, wenye njaa ya siku moja moja. Kuku wa friza wakaingia sokoni, wagumu kama mawe na wepesi kupikwa. Kondoo wakapungua. Hili nililiona kwa macho yangu kila wiki, na mnaweza kumwuliza mtu yeyote aliyeishi hapa.

Sasa niwaeleze kuhusu fomu, kwa sababu bado mnayo. Kila mwanzo wa mwaka ilishuka karatasi yenye safu: kondoo waliochinjwa, ngozi za kondoo, ngozi za wanakondoo. Mwaka wa kwanza baada ya moto ule, nilichora kistari kwenye safu za ngozi. Sikuona cha kuandika. Karatasi ilirudi na neno moja kwa kalamu nyekundu: Jaza.

Nikampelekea Tata Kasongo. Aliishika mbali kidogo na macho, kama alivyoshika kila kitu cha kusoma.

"Mikoko ilichinjwa, haikuchinjwe?"

"Ilichinjwa, tata. Lakini ngozi zililiwa."

"Fomu haiulize kama zililiwa. Kichwa kimoja, ngozi moja. Mukoko hauzaliwake bila ngozi." Akanirudishia. "Na usishushe. Ukishusha, batakuomba rapport ya kueleza sababu. Ukipandisha kidogo, hakuna mutu atauliza."

Hiyo ndiyo elimu niliyopewa, na nilikuwa mwanafunzi mzuri. Idadi ya waliochinjwa yenyewe ilikuwa ya kukisia, maana wengi walichinjwa nyuani mwa watu bila risiti. Kwa hiyo nilichukua ya mwaka uliopita, nikaongeza kidogo. Safu ya ngozi nikaijaza hivyo hivyo. Ile ya wanakondoo ilinisumbua zaidi, kwa sababu huku hakuna anayechinja mwanakondoo. Ukimchinja, jirani atakuuliza kama kuna ugonjwa nyumbani. Nilikata sehemu ndogo ya ngozi za wakubwa nikawapa wadogo, ili safu yao nayo isikae na njaa.

Tata Kasongo alistaafu, akarudi Lubudi, akaniachia kisu chake. Hakumaliza mwaka. Nampenda mzee yule mpaka leo, na pia nina hasira naye, na sijaweza kuvitenganisha hivyo viwili.

Karatasi zetu zilipanda juu, na baada ya muda kikashuka kitabu cha takwimu kilichopigwa chapa vizuri. Kwenye ukurasa wa ngozi za kondoo na wanakondoo kulikuwa na mstari mweusi unaopanda kama njia ya mlimani. Ulikuwa mstari wangu. Nitawaambia na aibu yangu: mara ya kwanza kuuona, nilifurahi.

Aliyekuja na kitabu hicho mkononi alikuwa Tata Mukendi. Alifika ofisini asubuhi moja ya kiangazi, kitabu amekifunga kwenye plastiki. Alikuwa mtengeneza ngozi kutoka Likasi, kazi aliyoirithi kwa baba yake, na mikono yake ilikuwa na rangi ya chai kwa sababu ya magome ya miti anayoyatumia. Akakaa pembeni ya kiti, akafungua ukurasa wangu.

"Mama, mi ni mutu wa ngozi. Ku Likasi ngozi haziko tena. Nilisoma hii livre, hii kitabu, mara tatu. Inasema huku kwenu ngozi za mikoko zinapanda kila mwaka. Njo vile?"

Shefu wa ofisi, mkubwa wangu, kwenye meza ya pili, aliinua kichwa.

"Ni chiffres officiels, tata, hesabu za serikali," nikasema.

"Ile minajua. Lakini mi nauliza weye, mama. Bananiambia weye njo unaendaka kule ku machinjio. Weye mwenyewe unazionaka?"

"Tunazihesabu," nikajibu.

Haukuwa uongo mzima, ndiyo maana ulinitoka kirahisi. Uso wake ulifunguka. Alinishika mkono kwa mikono yake miwili, akanishukuru, akaniombea na baraka kwa watoto wangu. Alipotoka, shefu akarudi kwenye karatasi zake. Ningeweza kumfuata barabarani. Alisimama pale nje muda mrefu akisubiri moto, yaani pikipiki ya kumpeleka stendi, na mimi nilimwona dirishani.

Baada ya miezi michache alirudi na mkewe, Mama Anyesi, na watoto wanne. Walikuwa wameuza nyumba yao ya Likasi. Walichukua kiwanja mtaa wa Musonoi, wakajenga birika tatu za saruji: moja ya chokaa ya kung'olea nywele, moja ya kuoshea, moja ya magome ya kulainishia ngozi. Chokaa ilikuja kwa treni kutoka Lubudi. Magome aliyakata mwenyewe porini akayapanga kwenye magunia. Alichonga gogo la mviringo la kukwangulia, akalilainisha mpaka unajiona. Siku ya kufungua, katekista alisali, tukala beignets, mandazi yetu ya sherehe. Ukurasa wangu ulikuwa umebandikwa ukutani, ndani ya plastiki, mahali ambapo watu wengine huweka picha ya Bikira Maria. Nilikula beignets tatu.

Ngozi hazikuja. Wiki mbili, mwezi. Tata Mukendi alizunguka kwa wauza nyama wote, akanirudia ofisini bila hasira, kama mtu aliyepotea njia anayeuliza tena.

"Banasema bote banababula. Sasa zile zenye munahesabu, ziko wapi?"

Hapo tena ningeweza kusema. Badala yake nikafanya jambo ambalo nadhani ni mtu wa ofisi yetu tu angelifikiria. Nikaona kama ngozi za kwenye hesabu yangu hazipo, basi nitafute njia ziwepo. Nilichukua kisu cha Tata Kasongo, nikapanda moto, nikaenda Musonoi kuwafundisha wachinjaji kuchuna.

Nilianza kwa Mama Kapinga. Alikuwa mwuza nyama mkubwa kuliko wote pale, mwanamke mpana mwenye sauti, na wachimbaji walipanga foleni kwake kabla moshi haujaisha. Alinikubalia kondoo mmoja kwa heshima ya koti. Nilimchuna kwa ngumi kama nilivyofundishwa, mgongo ukiniuma, na watu wakasimama kutazama. Ngozi ilitoka nzima, bila mkato hata mmoja. Niliiinua juu ili waione.

"Ni mzuri, mama," akasema Mama Kapinga. "Sasa angalia ku meza."

Nikaangalia. Nyama iliyobaki mezani ilikuwa nyekundu na ndogo, kama mgonjwa aliyevuliwa nguo. Mchimbaji wa kwanza kwenye foleni akaisukuma kwa kidole.

"Ngozi iko wapi?" akauliza.

"Mama wa serikali ametosha, ameitoa," akajibu Mama Kapinga.

"Arudishe basi."

Watu wakacheka sana. Mama Kapinga hakucheka. Alinisogelea akaniambia polepole, "Mama, hawa batoto banaingia mu mashimo tumbo tupu. Ngozi njo inabashibisha. Unataka nibatoshee chakula mu mudomo, batu bengine bavae bilato, biatu?"

Niliikunja ile ngozi, nikafuta kisu. Nilipata ngozi chache mwezi ule, za kubembeleza, nyingi zikiwa na mikato na nyingine zimeungua pembeni. Tata Mukendi alizipokea kama watoto waliozaliwa kabla ya wakati. Alizikalia usiku na mchana. Mbili kati ya hizo zilitoka nzuri ajabu, laini, rangi ya asali, na kutoka kwa moja alinishonea mkoba wa kuwekea fomu zangu. Alinipa kwa mikono miwili. Sikuwahi kuutumia.

Mvua zikaja. Birika zikajaa maji ya mvua, chokaa ikaganda chini. Mama Anyesi akaanza kuuza mkaa mbele ya karakana. Mumewe alikonda, na akili yake ikashika njia moja tu. Mkisikia mtu anasema yule baba alipata wazimu, msikubali. Alifikiri sawasawa kabisa, ila alianzia kwenye ukurasa wangu. Kama ngozi zimehesabiwa, zipo. Kama zipo na yeye hazioni, basi kuna anayezificha. Alianza kufuata malori yanayokwenda mpakani, akiuliza madereva wamebeba nini chini ya turubai. Kisha akamtaja Mama Kapinga. Akasema anachuna kwa siri na kuwauzia Wazambia, na kwamba kubabua mbele za watu ni maigizo.

Maneno hayo yalipita Musonoi haraka kuliko moto. Foleni ya Mama Kapinga ilipungua, maana nani atanunua nyama kwa mwizi? Mtu alimtupia jiwe kwenye meza. Mwishowe Tata Mukendi alipeleka mashtaka kwa shefu wa mtaa, na kama ushahidi akapeleka ukurasa. Mimi nikaitwa kama mwenye hesabu.

Asubuhi ya siku ile shefu wangu wa ofisi aliniita. "Utasema ni officiel, kisha unarudi kazini. Usiongeze kitu." Nikamjibu ndiyo. Nilikuwa bado sijajua nitasema nini.

Tulikaa kwenye baraza ya shefu wa mtaa, mchana, jua limesimama. Mama Kapinga alikuwa amevaa kitambaa chake cha kanisani. Tata Mukendi alisimama kando ya mkewe, karatasi mkononi. Shefu wa mtaa, mzee mpole aliyechoka na kesi za mashimo, aliichukua akaisoma kwa sauti mpaka mwisho, na tarakimu zangu zikasikika pale nje kama kitu cha kweli.

"Mama," akaniambia, "hizi chiffres ni zenu?"

"Ni zangu, shefu."

"Basi ngozi ziko?"

Nilimtazama Mama Kapinga. Alikuwa ananitazama kama mtu anayengoja sindano.

"Hakuna ngozi, shefu," nikasema. "Hazikuwako. Niliziandika tu."

Kwanza hakuna aliyeelewa. Nikaeleza yote, kistari, kalamu nyekundu, kichwa kimoja ngozi moja, jinsi nilivyoongeza kidogo kila mwaka. Mama Kapinga alikaa chini sakafuni, mahali alipokuwa amesimama, akafunika uso kwa kitambaa. Tata Mukendi alitikisa kichwa.

"Walikupa nini, mama?" akaniuliza. "Huyu mama alikupa nini?"

"Hakunipa kitu, tata."

"Hii livre ilitoka ku Kinshasa."

"Ilitoka kwangu. Ilipita Kinshasa ikarudi."

Alikitazama tena kile kipande cha karatasi. Nilimwona akirudi nyuma, mwezi kwa mwezi, birika, treni ya chokaa, nyumba ya Likasi, mpaka akafika ofisini kwetu.

"Ulijua tangu lini?"

"Kabla hujafika."

Nilitamani anipige kelele. Nilitamani hata anipige. Alisema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayenikumbusha jambo dogo nililolisahau:

"Lakini nilikuulizaka, mama. Sikuuliza livre. Niliuliza weye."

Alikwenda kwa Mama Kapinga, akachuchumaa, akamwomba msamaha mbele ya watu wote. Mama Kapinga alimpa mkono. Mama Anyesi hakumpa mtu yeyote mkono. Walihama kabla mwezi haujaisha, hawakuaga, na sijui walielekea wapi. Sasa wachimbaji wanaoshea mawe yao kwenye zile birika tatu, na maji yake ni ya kijani. Nikipita Musonoi nazunguka njia nyingine.

Mwaka ule nilijaza fomu kwa idadi ya ngozi nilizozigusa kwa vidole vyangu. Mnaweza kukisia ilikuwa ndogo kiasi gani. Safu ya wanakondoo nikaandika sifuri. Ikarudi na kalamu nyekundu: Kosa, rekebisha. Nikairudisha vile vile, nikaambatanisha rapport ya kueleza sababu, kurasa nne. Ikarudi mara ya pili. Nikairudisha. Mara ya tatu haikurudi, nikafikiri nimeshinda. Shefu wangu hakunisemesha miezi mingi, na nikala chakula changu cha mchana peke yangu mpaka nikastaafu.

Kwenye ile sherehe ya kuniaga mlinipa zawadi ya kitabu kipya cha takwimu, kila mtu ameweka sahihi yake ndani. Najua mlifanya kwa upendo. Nilipofika nyumbani nilifungua ukurasa wa ngozi. Kwenye mwaka wangu wa ukweli mstari haukushuka. Ulipanda, kidogo tu, kwa kiasi kile kile ambacho ningeongeza mimi. Kuna mtu juu huko aliyefundishwa vizuri kama nilivyofundishwa.

Juzi mmoja wenu alinikuta sokoni, tukasalimiana. Akaniambia, akiwa anacheka, kwamba wiki iliyopita aliingia mgeni ofisini akiulizia ngozi za kondoo. Mtu wa heshima, mkewe alikuwa anamsubiri nje na mabegi. Mlimwonyesha ukurasa, akaupiga picha kwa simu, akawashukuru sana, akaondoka amefurahi.

Niliacha mboga zangu pale pale kwenye meza ya mwuzaji. Nilipanda moto mpaka ofisini, nikawauliza jina lake, namba yake ya simu, ametoka mji gani, amefikia kwa nani. Hakuna kati yenu aliyekuwa ameandika kitu.